Kadi ya Gemu Iliyoletwa Msikitini

Masuala yanayoletwa mbele ya kamati ya msikiti hapa Gare yanafahamika. Ni mirathi ya shamba lisilogawika, mume aliyeshuka mjini akasahau kupeleka matumizi, mchango wa mabati ambao haukutosha, na watoto wa madrasa wanaochelewa kwa kuwa nyumbani kuna maharage ya kuvuna. Kwa kila moja tunajua pa kuanzia. Lakini Alhamisi moja ya msimu wa baridi, baada ya sala ya Isha, ukungu ukiwa umekwisha kuteremka hadi vibarazani, mama mmoja mjane alitusubiri mlangoni. Alifungua fundo la kanga yake, akatuwekea mkononi vitu viwili: chombo cheusi cha kuchezea gemu, kirefu kama kiganja na nusu, na kadi ya kumbukumbu isiyozidi ukucha wa kidole gumba.

"Katibu," alisema, "humu mlikuwa na picha za baba yao. Sasa hamna."

Tulikiri palepale kwamba hatukijui chombo kile. Katika chuo cha dini tulichosomea tulifundishwa hukumu za amana, za kuazimana na za kuajiri mafundi, lakini hatukufundishwa faili la gemu hukaa wapi. Ilitubidi tujifunze, na mwalimu wetu akawa yuleyule fundi aliyelalamikiwa. Yafuatayo tunayaandika kwa idhini ya mama huyo na wanawe, bila kutaja majina, kwa kuwa katika wiki tatu za kulifuatilia jambo hili tumetambua kuwa vyombo vya namna hii vimo katika nyumba nyingi, na wazazi wengi, kama tulivyokuwa sisi, huviona ni vya kuchezea tu.

Chombo chenyewe ni PSP, kilichotengenezwa na kampuni ya Sony ya Japani na kuanza kuuzwa huko Desemba 2004. Kampuni iliacha kukipeleka sokoni mwaka 2014, lakini kwetu kitu hakifi kwa sababu kiwanda kimekiacha. PSP zilizotumika bado zinapita mkono hadi mkono. Hii ilinunuliwa na kaka mkubwa wa nyumba ile alipokuwa akisoma Tanga. Sasa yuko Dar es Salaam, anashughulika na kabichi na pilipili hoho zinazoshuka kwa malori kutoka milima yetu hii kupitia Soni na Mombo. Alipoondoka alimwazima mdogo wake, kijana wa kidato cha pili, kwa masharti mawili: asiifute ligi yake, na asizipoteze picha.

Ligi ni misimu ya kandanda ndani ya gemu, aliyoicheza kwa miaka minne akisajili na kuuza wachezaji kama mwenye timu halisi. Picha zilikuwa tatu. Zilipigwa sikukuu ya Iddi kwa simu ya baba yao, na simu ile ilipoanza kuzimika ovyo, kaka alizihamishia katika kadi ya PSP, kwa kuwa ndicho chombo pekee nyumbani kilichokuwa na kioo kipana na nafasi ya kuhifadhi. Simu ikafa. Mwaka uliofuata mwenyewe naye akafariki, Mwenyezi Mungu amrehemu. Nakala nyingine haikuwapo.

Kisha kijana mdogo alisikia shuleni kuwa limetoka gemu la mpira la mwaka huu, la PSP, lenye Simba, Yanga na hata Coastal Union ya Tanga. Alichukua shilingi elfu kumi alizolipwa kwa kubeba magunia ya viazi, akapanda bodaboda hadi Lushoto kwa fundi.

Nyumba, paa na chumba cha uani

Tuanze na maana ya chombo "kilichofunguliwa", maana vijana hulitaja neno hili kana kwamba kila mtu analijua. PSP kama ilivyotoka kiwandani husoma gemu lililo katika diski yake ndogo iitwayo UMD, yenye nafasi ya hadi gigabaiti 1.8, au lililonunuliwa katika duka la kampuni. Kuifungua ni kuibadilishia programu endeshi, ile inayoamka kwanza chombo kinapowashwa, ili ikubali pia gemu lililonakiliwa kuwa faili moja kubwa, ISO, na kuwekwa katika kadi. Katika PSP za matoleo ya baadaye, kama 3000, ufunguzi uliozoeleka kwa miaka mingi ulikuwa wa muda: chombo kikizimwa kabisa kufuli hurudi, na magemu yaliyo katika kadi hayaonekani mpaka programu ya kufungulia iendeshwe tena. Fundi alituambia kuwa wateja wengi wanaomjia wakilalamika kuwa vitu vyao vimefutika hawajapoteza chochote. Huiendesha programu ile kwa dakika moja, na kupokea shukurani ambazo, kwa maneno yake, hakuzitolea jasho.

Tulipomwuliza gemu limeundwaje, tulitarajia jibu la kitaalamu. Alitujibu kwa nyumba. Faili kuu ni nyumba yenyewe. Sasisho ni fundi anayerudi kuziba paa linalovuja: halijengi nyumba, na pasipo nyumba halina kazi. Nyongeza ni chumba cha uani: uwanja mpya, wachezaji wapya, mavazi mapya. Na kumbukumbu ya mchezaji, yaani mahali alipofikia, ni vyombo vya mwenye nyumba. Kila kimoja kina folda yake. Katika kadi ya PSP faili kuu hukaa katika folda ya ISO. Ndani ya folda iitwayo PSP mna folda ya GAME, panapokaa nyongeza rasmi, na ya SAVEDATA, panapokaa kumbukumbu ya mchezaji. Picha za mtu binafsi, zisizohusiana na gemu lolote, hukaa peke yake katika PICTURE. Mwenye kuujua mpangilio huu, alisema, amekwisha kuijua nusu ya kazi.

Nusu ya pili ni namba. Kila gemu lina utambulisho wa herufi nne na tarakimu tano. Toleo la Marekani huanza na ULUS, la Ulaya ULES. Kwa macho ni gemu moja, lenye jina moja na jalada moja. Lakini kumbukumbu iliyoandikwa na toleo la Ulaya hukaa katika folda yenye namba ya Ulaya, na toleo la Marekani haliitambui. Ndiyo sababu kijana huweza kupakua vipande vitatu kutoka sehemu tatu, akaviweka vyote mahali pake, na bado gemu likakataa. Kosa jingine, la kawaida zaidi, ni folda ndani ya folda. Mafaili hushuka yakiwa yamefungwa katika zipu. Yanapofunguliwa, kompyuta huunda folda mpya yenye jina lilelile, na kijana huipeleka yote kama ilivyo. Chombo hufungua folda ya kwanza, hakioni kinachokitafuta, nacho hakina desturi ya kuuliza.

Kuhusu gemu la "mwaka huu" tulishangaa kuliko mahali pengine popote. Gemu la mwisho la mfululizo wa PES kutengenezwa kwa ajili ya PSP ni PES 2014, la kampuni ya Konami. Hapajakuwa na jingine. Linaloitwa jipya kila mwaka, na ambalo vijana hulimalizia bando la wiki nzima, ni lilelile la kale au ndugu zake wa miaka ya karibu, lililovuliwa jezi na kuvishwa nyingine, majina ya wachezaji yakabadilishwa, usajili ukaandikwa upya. Wanaofanya hivyo si kampuni. Ni vijana walioko majumbani kwao, kila mmoja na kompyuta yake. Fundi wetu ni mmojawapo: jezi nyekundu na nyeupe ya Coastal Union aliichora mwenyewe, usiku nne mfululizo, kwa mapenzi yake kwa Wagosi wa Kaya, ambao walikuwa mabingwa wa Tanzania Bara mwaka 1988, yeye akiwa hajazaliwa. Tulimwambia kazi ile ni nzuri. Ni nzuri kweli.

Wenye simu janja wana wepesi zaidi. Tangu mwaka 2012 ipo programu ya bure iitwayo PPSSPP, iliyoanzishwa na Henrik Rydgård, inayoifanya simu iige PSP. Humo jezi mpya zinaweza kuwekwa katika folda ya pembeni, TEXTURES, na programu huzitumia badala ya zile za zamani bila faili kuu kuguswa. Zisipopendeza, folda hufutwa, na gemu hurudi kama lilivyokuwa. PSP yenyewe haina mlango huo. Jezi lazima zikandwe ndani ya ISO kama chumvi ndani ya unga. Kwa hiyo vifurushi vilivyotengenezwa kwa ajili ya simu havifai kwa PSP, na kijana wetu alikuwa amekwisha kumaliza bando lake mara mbili kabla hajaambiwa hivyo. Tuseme pia, kwa faida ya wazazi, kwamba kurasa nyingi vinakopatikana vifurushi hivi zimezingirwa na matangazo ya kamari, na vitufe vya uongo vya kupakulia ambavyo huingiza programu nyingine kabisa katika simu ya mama.

Vyombo vya leo vimeifanya kazi hii iwe nzito zaidi. Nintendo Switch, iliyotoka Machi 2017, tumeiona mara moja tu, mikononi mwa mtoto wa jamaa waliokuja likizo kutoka Muscat. Katika Switch, gemu, sasisho na nyongeza ni mafaili yaliyo mbalimbali, na namba zao zinaonyesha ukoo wao: ya gemu huishia 000, ya sasisho huishia 800, na nyongeza hupewa namba zao moja moja. Wenye Switch zilizofunguliwa hupenda kuyaunganisha yote kuwa faili moja, wapate kitu kimoja cha kuhamisha badala ya kumi. Ni unadhifu wenye gharama. Sasisho jipya likitoka, faili zima, pengine la gigabaiti 15 au 20, hufumuliwa na kushonwa upya. Na kadi iliyofomatiwa kwa mfumo wa FAT32 haipokei faili moja la gigabaiti 4 au zaidi, hivyo kilichounganishwa hulazimika kukatwa tena vipande. Fundi anaona heri kuyaacha mbalimbali, kila kimoja na jina lake, nasi tuliosikiliza tu tunaafiki. Chumba cha uani kikibomoka, nyumba isibomoke nacho.

Kilichotokea katika kibanda

Turudi kwa kijana na shilingi elfu kumi zake. Kadi ya zamani, ya aina maalumu ya PSP, ilikuwa ya gigabaiti 4 na ilikuwa imejaa. Fundi alipendekeza kubwa zaidi: kishikio chenye umbo la kadi ya PSP ambacho ndani yake hupachikwa kadi ndogo kama ya simu. Ile aliyokuwa nayo iliandikwa 64. Fedha hazikutosha, wakaafikiana kijana aiache kadi ya zamani kuwa sehemu ya bei. Fundi akahamisha vitu kwa kupitia kompyuta yake: kwanza gemu jipya lenye Coastal Union, kisha magemu mengine manane aliyomwongezea kuwa zawadi, na mwisho kabisa vilivyokuwamo katika kadi ya zamani, yaani kumbukumbu na picha. Akaliwasha gemu jipya. Timu zikaingia uwanjani. Wote wawili wakafurahi, na fundi akaifomati kadi ya zamani na kuitia katika droo apate kuiuza.

Ile 64 ilikuwa maandishi tu. Kadi za namna hii zimejaa masokoni. Hii fundi aliinunua kwa mchuuzi wa barabarani akiwa safarini. Ndani yake mna nafasi ndogo, tuseme gigabaiti 8, lakini chipu inayoiongoza imefundishwa kujibu 64 inapoulizwa. Kompyuta huamini. Gigabaiti za kwanza huandikwa sawasawa. Zikishajaa, zinazofuata ama hupotea ama huandikwa juu ya zilizotangulia, na hakuna onyo linalotolewa. Majina ya mafaili yote huonekana, maana orodha yake iko mwanzoni mwa kadi, penye nafasi ya kweli. Ni mpaka faili lifunguliwe ndipo inapobainika kuwa ndani hamna kitu. Gemu jipya, lililotangulia, lilicheza. Picha, zilizokuja mwisho, zilikuwa majina matupu.

Tulimwita fundi. Ni kijana aliyesoma katika madrasa yetu, na alikuja bila kusukumwa, akiwa na kompyuta yake ndani ya mfuko wa plastiki kwa sababu ya manyunyu. Kijana mdogo hakumwangalia. "Mgosi, umeniponza," ndiyo kauli pekee aliyoitoa jioni ile.

"Shehe, kadi nami niliuziwa," fundi alimwambia imamu. "Wallahi sikujua."

Tulimsadiki, lakini kusadikiwa hakukumaliza jambo. Katika madhehebu ya Imam Shafii, ambayo wengi wetu huku tunayafuata, kauli yenye nguvu ni kwamba mkono wa fundi ni mkono wa amana: kinachoharibika kwake bila uzembe wala kuvuka mpaka, hakilipi. Wako waliokuwa wakali zaidi, imepokewa kuwa Sayyidna Ali (R.A.) aliwatoza mafundi dhamana. Tukishika kauli ya kwanza, nia ya fundi haikuwa na nafasi katika shauri hili. Tulichotakiwa kukijua ni kama palikuwa na uzembe.

Hapo elimu ya kadi ndipo ilipotufaa. Kutojua kuwa kadi ni bandia si uzembe, walisema wajumbe wawili, kwani hata sisi tungedanganyika. Lakini kufuta asili kabla ya kuifungua nakala, walau picha moja tu, ni uzembe, na fundi mwenyewe alikuwa wa kwanza kulitamka neno hilo. Gemu alilijaribu kwa kuwa ndilo lililomleta mteja. Picha hakuzifungua kwa kuwa, alisema, zilikuwa za watu na aliona haya kuzitazama. Udhuru huu ulitugusa, lakini haukumwondolea wajibu. Ipo programu ya bure, H2testw, ambayo huijaza kadi mpya kwa data za majaribio kisha ikazisoma tena, na kumwambia mtu nafasi halisi ni ngapi. Kwa kadi kubwa huchukua saa nyingi, na mteja ana bodaboda inayomsubiri nje. Fundi alikuwa nayo katika kompyuta yake.

Suala jingine wajumbe walilipitia haraka. Kadi ya zamani haikuwa mali ya kijana; aliazimwa aitumie, hakuazimwa aiuze. Uuzaji wa mali ya mtu pasipo idhini yake hausimami, hivyo kadi irudi, na kwa kuwa fundi naye alipaswa kurudisha fedha za kadi bandia, hesabu zilikaribia kufutana. Tuliliandika katika kumbukumbu za kikao mstari mmoja tu.

Swali ambalo hakuna aliyelileta hatukuweza kulikwepa: gemu lile ni la nani? Desemba 1988, Majmaa ya Kimataifa ya Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha Kuwait, iliamua kuwa haki za utunzi, za uvumbuzi na za jina la biashara ni mali ya wenyewe inayolindwa na sheria ya Kiislamu, na haijuzu kuichezea. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya nchi yetu, ya mwaka 1999, nayo inazilinda programu za kompyuta pamoja na vitabu. Mahakama za mbali hazioni jambo hili kuwa mchezo. Februari 2022, huko Marekani, Gary Bowser, aliyekuwa katika kundi lililouza vifaa vya kufungulia Switch, alihukumiwa kifungo cha miezi 40. Na Machi 2024 watengenezaji wa programu ya Yuzu, iliyoiga Switch ndani ya kompyuta, walikubali kuilipa Nintendo dola milioni 2.4.

Wajumbe hawakuwa na rai moja. Kaka mkubwa anayo UMD halisi ya PES, imo katika sanduku lake nyumbani, na nakala ya gemu alilolinunua, kwa matumizi yake mwenyewe, baadhi yetu waliiona nyepesi. Magemu manane ya zawadi hayana udhuru huo. Mmoja alihoji: kampuni ilikwisha kufunga ununuzi kupitia PSP mwaka 2021, mtu anunue wapi? Hoja ina uzito, lakini mwenye shamba akiacha kulima hajaligawa shamba. Imamu aliagiza magemu ya zawadi yafutwe na fundi aache kuyauza. Jezi aendelee kuchora. Fundi hakulikubali agizo hili siku ile, na hatutaki msomaji adhani alilikubali. Alisema wateja wake tisa katika kumi huja kwa ajili hiyo, na kodi ya kibanda hailipwi kwa jezi. Mazungumzo hayo bado tunayo.

Droo

Tulipokwenda Lushoto siku ya pili yake kuichukua kadi ya zamani, ilikuwa bado imo katika droo. Kadi za PSP haziingii katika simu za leo, na kwa siku kumi na sita hakuna mtu aliyeiulizia. Fundi aliishika, akanyamaza kidogo, kisha akatuuliza kama tunaweza kusubiri.

Kufomati kwa haraka hakufuti vilivyomo. Hufuta orodha tu, mfano wa mtu aliyechana ukurasa wa yaliyomo katika kitabu akaziacha kurasa nyingine zote. Vilivyomo hubaki mpaka kitu kipya kiandikwe juu yake. Ndiyo maana aliyefuta kwa bahati mbaya hushauriwa aache kuitumia kadi papo hapo: asipige picha nyingine, asiongeze hata wimbo mmoja. Kadi ile, kwa kukosa mnunuzi, ilikuwa imetimiza sharti hilo bila kujua.

Fundi alitumia programu nyingine ya bure, PhotoRec. Hii haishughuliki na orodha. Huipitia kadi kipande kwa kipande kutoka mwanzo, ikitafuta alama ambazo kila faili la picha huanza nazo. Umeme ulikatika mara moja, tukaanza upya. Kijana mdogo, ambaye tulikuja naye, alitumwa kumleta mama yake. Programu ilipomaliza ilikuwa imetoa mamia ya picha, zote zimepoteza majina, kila moja ikiitwa f na tarakimu nyingi. Nyingi zilikuwa vijipicha vya magemu: magari, wapiganaji, nembo. Tulizipitia moja baada ya nyingine, mama akiwa ameketi juu ya kigoda, kanga imefunika nusu ya uso.

Ya kwanza ilikuwa baba amesimama mbele ya mlango, kanzu nyeupe, kofia imeinama kidogo. Ya pili ameketi na wanawe wote wawili, mdogo akiwa bado wa kupakatwa. Ya tatu ilitoka nusu: kutoka juu hadi kifuani iko wazi, na kutoka kifuani kwenda chini ni rangi ya kijivu tupu, kwa kuwa sehemu ile ya faili haikupatikana. Fundi alianza kuomba radhi. Mama alimkatiza.

"Mwanangu, uso upo," alisema. "Zioshwe zote tatu."

Ligi haikurudi. Kilichopatikana ni kijipicha chake tu, kile kinachoonekana katika kioo pembeni ya jina la kumbukumbu. Kumbukumbu yenyewe huandikwa kwa siri na haina alama ambayo programu ile ingeitambua. Miaka minne ya kaka mkubwa ilibaki picha ya ukubwa wa stempu. Tulikubaliana kwamba kijana ampigie kaka yake mwenyewe, bila sisi kumsemea, na alifanya hivyo Ijumaa baada ya sala, akiwa amesimama chini ya mti wa msikiti, mgongo ametugeuzia. Tulimsikia akieleza yote tangu mwanzo, hata habari ya kuiuza kadi. Kisha alikaa kimya muda mrefu akisikiliza. Alipokata simu tulimwuliza kaka amesemaje.

"Ameuliza kwanza picha," alisema. "Halafu akanyamaza. Halafu akauliza kama Coastal Union imo kweli."

Picha zilioshwa Lushoto kwa gharama ya fundi. Nakala zake sasa ziko katika simu ya kaka Dar es Salaam, katika kompyuta ya fundi, na katika kadi mpya iliyojaribiwa kwa H2testw usiku kucha mbele ya kijana mwenyewe. Kadi ya zamani mama aliifunga tena katika fundo la kanga. Tulimweleza kuwa haihitajiki tena. Alitusikiliza kwa adabu, akalikaza fundo.